Senta mmoja, wastani wa aina tatu: kisa cha takwimu za ufungaji kutoka Dodoma

Kisa hiki nakiandika kwa ajili ya wanaokaa kwenye meza ya waamuzi, makocha, na wachezaji wenyewe, hasa mabinti wanaotarajia siku moja kipaji chao kiwalipe nje ya mkoa. Jina la mchezaji, la timu na la klabu zilizohusika nimeyaondoa. Tarakimu zake nimezisogeza kidogo ili asitambulike, ila nimezisogeza kwa pamoja. Ukichukua kalamu ukajumlisha, zitajumlika.

Usuli

Timu ni ya mpira wa kikapu ya wanawake na inacheza ligi ya mkoa hapa Dodoma. Uwanja wetu ni wa saruji, hauna paa, na kipindi cha kiangazi upepo unapiga humo na vumbi lake mpaka mtupo wa mbali unapotea njia hewani. Wachezaji wanapata posho ya nauli na maji. Mshahara hakuna.

Senta wetu, jezi namba 15, aliichezea timu hii misimu mitano. Kwa asiyezoea kikapu: senta, au namba tano kama tunavyoita wengi, ndiye anayesimama karibu na ubao akiwa ameupa mgongo, anapokea mpira huku amekumbatiwa na mpinzani, anageuka na kufunga. Pointi zake nyingi ni za mbilimbili na za mitupo huru, kwa sababu anachezewa faulo kuliko wenzake wote. Kazi yake nyingine haionekani kwenye pointi: ribaundi, yaani kudaka mpira uliokosa kuingia, kuzuia mitupo, kumfungulia njia mwenzake. Watanzania tunalijua hili kupitia Hasheem Thabeet, aliyechaguliwa wa 2 katika drafti ya NBA (siku ambayo timu za ligi kuu ya Marekani huchagua wachezaji wapya) mwaka 2009 na Memphis Grizzlies. Alichaguliwa kwa sababu ya kuzuia mitupo, lakini wastani wake wa pointi 2.2 ndio ambao watu wameung'ang'ania hadi leo. Senta akihukumiwa kwa pointi peke yake huonewa. Akisifiwa kwa pointi zisizo na mizizi huonewa zaidi, kwa sababu siku ya kuulizwa anasimama peke yake.

Mjini anajulikana. Ukisema "yule wa 31", watu wa kikapu wanajua unamsema nani, kwa sababu ya mechi moja aliyofunga pointi 31. Mechi hiyo nitairudia.

Mimi ni mwalimu wa hesabu. Siku za mechi hukaa mezani kuandika karatasi ya matokeo, ile tunayoiita skoshiti.

Swali la wastani

Mwisho wa msimu wa tano, klabu moja ya kulipwa ya nje ya nchi ilimtafuta kupitia wakala. Walihitaji senta. Wakala akaomba takwimu za ufungaji za misimu yote. Kocha msaidizi, ambaye kwa miaka hiyo yote alitunza kumbukumbu kwa mapenzi yake bila kulipwa hata shilingi, alifungua kauntabuku lake, akapiga hesabu usiku, na asubuhi wasifu wa ukurasa mmoja ukatumwa kwa WhatsApp. Ulisema senta wetu ana wastani wa pointi 19.4 kwa mechi, na kwamba asilimia 61 ya mitupo yake huingia.

Jibu likaja siku ya pili, fupi. Waliuliza ni mechi ngapi, alicheza dakika ngapi, na hiyo asilimia 61 imetokana na mitupo mingapi.

Hakuna aliyekuwa na jibu. Siku hizo hizo binti mwenyewe, kwa wasiwasi, alikwenda kuomba uthibitisho kwa kamati inayoendesha ligi. Akapewa karatasi yenye muhuri. Humo wastani wake uliandikwa 11.0.

Alinipigia jioni ile. "Shikamoo mwalimu. Naomba uniambie, mimi ni wa 19 au ni wa 11?"

Nilimjibu kwamba sijui, na kwamba anipe muda. Nilidhani ni kazi ya siku mbili tatu. Ilichukua wiki tatu, na muda huo ulikuja kutugharimu.

Nieleze kwanza kwa nini asilimia 61 iliwashtua wale watu. Sylvia Fowles, senta aliyestaafu WNBA, ligi ya wanawake ya Marekani, mwaka 2022, alimaliza na pointi 6,415 katika mechi 408, wastani wa 15.7, na mitupo yake ya uwanjani iliingia kwa asilimia 59.9. Huyo ni mmoja wa masenta waliofunga kwa uhakika mkubwa kuliko karibu wote katika ligi ile, na kazi yake ilikuwa hapo hapo chini ya kikapu. Sasa mtu anayesoma takwimu kwa riziki akifungua karatasi kutoka Dodoma akakuta 61, bila idadi ya mitupo, bila idadi ya mechi, hatasema "huyu ni bora kuliko Fowles". Atasema karatasi hii ina kasoro. Na hapo hata zile tarakimu za kweli zilizo jirani yake zinapoteza heshima.

Kilichokuwa kwenye makaratasi

Kauntabuku la kocha lilitokana na jalada la timu, lililokuwa kwenye sanduku la bati chini ya kitanda huko Makole. Nilimwomba aniruhusu nilichukue. Nililifungulia sebuleni kwangu, nikafuta vumbi, nikaanza kupanga karatasi kwa msimu. Nilipomaliza kuzitandaza sakafuni, jibu la kwanza lilikuwa mbele ya macho yangu kabla sijasoma hata tarakimu moja. Sakafu nzima ilikuwa ya pinki.

Skoshiti za mfumo wa FIBA, shirikisho la kikapu la dunia, huwa na kopi za rangi. Ya bluu ni ya waendeshaji wa mashindano, ya pinki ni ya timu iliyoshinda, ya njano ni ya timu iliyofungwa. Kwetu hapa kamati ya ligi hubaki pia na karatasi ya asili. Kati ya mechi 32 za ligi za senta wetu zilizokuwa kwenye jalada, 27 zilikuwa za pinki na 5 tu za njano. Si kwamba timu ilikuwa haifungwi. Baada ya kufungwa, hakuna aliyekuwa na moyo wa kukunja karatasi ya njano na kuitunza. Iliachwa mezani, ikachukuliwa na upepo, ikafungia karanga. Hata zile 5 za njano zilizobaki zilikuwa za mechi ambazo timu ilifungwa lakini yeye aling'ara.

Juu ya hizo 32, kocha alikuwa ameongeza mechi 9 za kirafiki na za bonanza. Katika hizo 9 binti alifunga pointi 225, yaani 25 kwa mechi, dhidi ya timu ambazo nyingine hazikuwa na senta kabisa. Pointi za ligi zilikuwa 570. Ukijumlisha unapata 795 kwa mechi 41, na 795 ukigawa kwa 41 ni 19.4. Kocha hakukosea kugawanya, na hakudanganya. Alichokuwa nacho ndicho alichokihesabu.

Nikaenda kamati. Huko walinikaribisha vizuri, wakanipa kiti na meza, nikakaa mchana kutwa kwa siku nne. Wao walikuwa na skoshiti zote za jalada isipokuwa moja, ambayo binti alifunga pointi 16, na walikuwa na nyingine ambazo sisi hatukuwa nazo. Jumla yao ilikuwa pointi 704. Lakini waligawa kwa 64, yaani mechi zote ambazo timu ilipangiwa katika misimu mitano.

Hizo 64 zinahitaji kufunguliwa. Nne zilikuwa za ushindi wa mezani, upande mmoja haukutokea. Kwa kanuni matokeo huandikwa 20 kwa 0, na hizo 20 hazina mwenyewe: hakuna mchezaji anayeandikiwa hata pointi moja. Zikabaki 60 zilizochezwa kweli. Katika hizo tulipata skoshiti 55. Katika 8 jina la senta wetu limeandikwa kwenye orodha lakini mbele yake hakuna alama ya X, alama ambayo mwandishi huiweka mchezaji anapoingia uwanjani. Hizo hakucheza: nyingine alikuwa na mitihani, nyingine msiba, nyingine goti. Zinabaki 47 zenye X yake. Na zile 5 ambazo karatasi hazikupatikana popote, alicheza zote. Hilo tunalijua kwa ushahidi wa wenzake na picha.

Kwa hiyo kamati ilimgawia pointi zake kwa mechi ambazo hazikuchezwa, mechi alizokuwa kitandani na goti limevimba, na mechi ambazo karatasi zake hazipo. Kauntabuku likamgawia kwa siku zake nzuri. Mtu mmoja, pointi karibu zilezile, 19.4 huku na 11.0 kule.

Kulikuwa na jambo moja zaidi, dogo, ambalo lilinichukua usiku mzima. Katika mechi moja ya msimu wa tatu, senta wetu alionekana kufunga pointi 8 katika robo ya nne. Kwenye kopi ya pinki hakuna cha ajabu. Lakini kwenye karatasi ya asili, mwandishi hutumia wino mwekundu robo ya kwanza na ya tatu, na wa bluu au mweusi robo ya pili na ya nne. Kaboni haibebi rangi. Nilipoiangalia ya asili nikaona vyumba vitano vya faulo vya senta wetu vimejaa, na cha tano kimeandikwa kwa wino mwekundu baada ya mstari wa mapumziko. Maana yake alitolewa kwa faulo tano katika robo ya tatu. Aliyetolewa hawezi kufunga robo ya nne. Nikasogeza taa. Ile "15" iliyoandikwa mara nne kwa wino wa bluu, mkia wa tarakimu ya pili ulikuwa umekatika. Ilikuwa 13, mlinzi wetu. Pointi 8 zikarudi kwa mwenyewe.

Hesabu ya mwisho: mechi 47, pointi 712, wastani 15.1.

Maamuzi, na kwa nini

Tulikaa watu wanne: mwenyekiti wa timu, kocha msaidizi, mimi, na binti mwenyewe. Kikao kilikuwa kirefu na hakikuwa kitamu.

La mechi za kirafiki lilipita haraka. Anayesoma takwimu ya ligi anataka ligi. Tukazitoa, tukaandika mstari mmoja kwamba zipo.

La mechi 5 zisizo na karatasi lilichukua muda mrefu zaidi, kwa sababu mojawapo ni ile ya pointi 31. Mwenyekiti alisema mji mzima unaijua, tuiweke. Nami niliipenda mechi ile kuliko wote waliokuwa pale; nilikuwa mezani siku ile. Lakini kama tungeweka 31 kwa kumbukumbu, tungelazimika kuweka na zile nne nyingine kwa kumbukumbu, na hakuna aliyekumbuka alifunga ngapi siku tulizopoteza. Tukazitoa zote, pointi zake na idadi yake, juu na chini ya mstari wa kugawa.

Kulikuwa na pointi 4 za kapteni. Kanuni inasema mchezaji akijifunga kwa bahati mbaya, zile pointi 2 anaandikiwa kapteni wa timu pinzani aliyeko uwanjani. Senta wetu alikuwa kapteni misimu miwili ya mwisho, na mara mbili wapinzani walijifunga mbele yangu. Kocha msaidizi aliuliza kama ni halali kuziacha. Tuliziacha. Takwimu rasmi zinazofuata kanuni za FIBA zinazibeba hivyo, na tukianza kuchagua kanuni ya kufuata hatutajua pa kusimama.

Kisha asilimia. Hapa pana jambo ambalo wachezaji wengi hawalijui: skoshiti huandika kilichoingia peke yake. Mpira ukiingia, mwandishi anakata mstari wa mshazari juu ya jumla mpya na kuweka namba ya mfungaji pembeni; kama ni wa pointi tatu, namba ya mfungaji inazungushiwa duara; mtupo huru ni nukta nene. Ukikosa, kalamu hainyanyuki. Dakika za mchezaji nazo hazimo. Kwa hiyo kutoka karatasi 47 tuliweza kusema kwa uhakika kwamba alifunga vikapu 282 vya pointi mbili, 4 vya pointi tatu na mitupo huru 136. Alirusha mara ngapi? Karatasi haisemi, na hakuna hesabu ya kuitoa humo.

Ile 61 ilikuwa imetoka kwenye ukurasa wa mazoezi wa kauntabuku: ni mitupo huru ya mazoezini. Ilikuwa namba ya kweli ya kitu kingine.

Bahati yetu ilikuwa moja. Msimu wa tano nilikuwa nafundisha takwimu darasani, na wanafunzi wangu wawili niliwapa kazi ya kukaa pembeni ya uwanja katika mechi 8, mmoja ahesabu mitupo ya kila mchezaji, iliyoingia na iliyokosa, mwingine ashike saa. Madaftari yao niliyatunza. Katika mechi hizo 8 senta wetu alirusha mitupo ya pointi mbili 112, ikaingia 57, sawa na asilimia 50.9. Mitupo huru alirusha 41, ikaingia 25, asilimia 61. Alicheza dakika 256 na kufunga pointi 139.

Mwenyekiti aliposikia dakika alifurahi. Mechi ni dakika 40, na 139 ukigawa kwa 256 kisha ukazidisha kwa 40 unapata 21.7. Akataka tuanze na hiyo. Hesabu ni halali na makocha huitumia, lakini inadhania kwamba mtu anayechoka dakika ya 32 angeendelea kufunga kwa kasi ileile hadi ya 40, akiwa na faulo nne. Nilishauri tuweke dakika 256 na pointi 139 bayana, anayetaka kuzidisha azidishe mwenyewe. Likapita, kwa shingo upande.

Tuliongeza pia mgawanyo wa misimu, kwa sababu wastani wa jumla ulikuwa unamficha. Msimu wa kwanza mechi 8, pointi 71, wastani 8.9. Wa pili mechi 9, pointi 118, wastani 13.1. Wa tatu mechi 10, pointi 157, wastani 15.7. Wa nne mechi 9, pointi 166, wastani 18.4. Wa tano mechi 11, pointi 200, wastani 18.2. Klabu inayotafuta senta inanunua mchezaji wa leo. Binti wa msimu wa kwanza aliyekuwa bado anajifunza kugeuka kwa mguu wa kushoto hayupo tena.

La mwisho lilikuwa kutuma au kutotuma. Mwenyekiti alisema wasifu wa kwanza umeshakwenda, tukileta mwingine tutaonekana wababaishaji, bora tunyamaze. Tulibishana. Binti alikuwa kimya muda wote, viwiko juu ya magoti. Kisha akasema, "Wakinichukua kwa 19 nikifika nikafunga 12, watakaoninyooshea kidole si nyie, ni mimi, na nitakuwa peke yangu ugenini. Tumeni hii." Ikatumwa usiku ule.

Matokeo

Klabu ile ilishukuru na kusema karatasi ya pili wameielewa. Lakini dirisha lao la usajili lilikuwa limefungwa siku sita kabla, na nafasi ilikwenda kwa mwingine. Wiki zangu tatu. Sijui kama wangemchukua tungewahi, ila najua kwamba hakupata nafasi ya kukataliwa kwa haki.

Msimu uliofuata wakala aliyetupatia njia ile alipeleka karatasi hiyohiyo kwa klabu ya nchi jirani. Wao walituuliza jambo moja tu, na lilikuwa la watu wanaojua mpira: kwa nini pointi zake zinashuka timu inapofungwa? Tulikuwa tumewapa mgawanyo huo. Katika mechi 29 za ushindi alifunga 508, wastani 17.5, katika 18 za kufungwa alifunga 204, wastani 11.3. Tulieleza: timu ngumu zilikuwa zinamzunguka wawili, mmoja mbele mmoja nyuma, na walinzi wetu walishindwa kumfikishia mpira ndani. Wakaomba video za mechi mbili kamili, moja ya kufungwa. Wakamwita majaribio siku kumi. Alisaini mkataba wa msimu mmoja.

Uchambuzi

Kilichofaa zaidi, kwa maoni yangu, ni kuandika kigawanyo mbele ya kila wastani. Lisa Leslie, senta mwingine wa zamani wa WNBA, anatajwa kwa pointi 6,263 na mechi 363, ile 17.3 yake inasimama kwa sababu hizo mbili ziko chini yake na kila mtu anaweza kugawa mwenyewe. Karatasi yetu ya kwanza ilikuwa na paa bila kuta. Ya pili ilikuwa na wastani mdogo zaidi na ikaaminika zaidi, na mtu aliyeiamini akaweza kuuliza swali la maana kuhusu mchezaji badala ya kuuliza kama tunasema kweli.

La ushindi na kufungwa lilinifundisha mimi binafsi. Tulipoanza kuligusa, niliona aibu kama kwamba namwanika binti udhaifu wake. Kumbe kocha wa kule alisoma 11.3 akaona kitu tofauti: senta anayekabwa na wawili, kwenye timu isiyo na warushaji wa mbali wa kuwatawanya wapinzani, bado anafunga 11. Klabu yake ilikuwa na warushaji hao. Kama tungeficha mechi za njano, asingeliona hilo kamwe.

Sasa yaliyotukwama.

Nilimuumiza kocha msaidizi. Nilipomaliza hesabu niliitangaza kikaoni mbele ya mwenyekiti, na tarakimu zake zikaonekana kama kosa. Aliniuliza mbele ya wote, "Kwa hiyo mwalimu, mimi ni mwongo?" Nilijibu hapana, lakini lilikuwa limeshatoka. Bila yule kaka kusingekuwa na jalada, kusingekuwa na pinki wala njano, kusingekuwa na kisa. Ilinipasa niende kwake Makole kwanza, tukae, nimwonyeshe sakafu, aone mwenyewe. Nilikwenda baadaye. Tulizungumza, na tunaendelea kufanya kazi pamoja, ila najua kwamba kwa miezi hakufungua lile kauntabuku.

Wasifu wa kwanza ulitumwa bila mchezaji kuusoma. Hili sitaki kulipitia haraka, kwa sababu linatokea kila timu. Tunawachukulia wachezaji, na mabinti zaidi, kama watu wa kuzungumziwa. Jina ni lake, mwili ni wake, na maswali ataulizwa yeye. Angeusoma ule wa kwanza, yeye ndiye angesema 61 ni mingi mno. Anajua mwenyewe anakosa mara ngapi.

Na tulichelewa. Kazi ya wiki tatu ingekuwa ya saa mbili kama kila skoshiti ingepigwa picha usiku wa mechi. Siku hizi ndivyo tunavyofanya: karatasi ya asili, kwa simu, kabla haijachanwa kwenye kitabu, ili rangi za wino zionekane. Ya njano inapigwa sawasawa na ya pinki. Pembeni ya meza kuna viti viwili vya wanafunzi, mmoja wa mitupo na mmoja wa dakika. Wanatumia daftari la kawaida na vijiti vya tanotano. Upepo ukiwa mkali wanabana kurasa kwa chupa za maji.

Jambo moja nimeliona katika madaftari hayo mapya na bado nalifuatilia. Mitupo huru ya wachezaji wetu karibu wote ni dhaifu kwenye uwanja wa nje, na inapanda wakicheza ndani ya ukumbi. Kama ni hivyo, ile asilimia 61 ya senta wetu, ya mazoezini na ya mechi, inabeba upepo wa Dodoma ndani yake. Mechi za ukumbini tulizo nazo bado ni chache mno kulisema kwa mtu wa nje, kwa hiyo kwenye wasifu wa yeyote halijaingia.

Mechi ya 31

Tulishinda siku ile, kwa hiyo karatasi yetu ilikuwa ya pinki. Nakumbuka ilivyotoka kwenye kitabu. Mtu aliomba aipige picha akaiweke kwenye fremu, akapewa. Kopi ya bluu na ya asili ziliharibika na mvua za Machi kwenye stoo, pamoja na nyingine za mwezi ule.

Mwezi uliopita binti alinipigia kutoka huko aliko. Baada ya shikamoo na habari za nyumbani aliniuliza kama imepatikana. Nikamwambia bado. Akanitajia majina ya watu watatu waliokuwa uwanjani siku ile ambao sijawahi kuwauliza. Wawili nimeshaongea nao, hawana. Wa tatu amehamia Singida, na namba yake ya simu niliyopewa haipatikani. Jumamosi napanda basi.